Earl Cameron: gwiji aliyebaniwa na Waingereza au alitumika tu? Tujadili

Mpenda Senema

Wadau salama? Leo siasa zipumzike kidogo tuongelee senema. Kuna jamaa yangu ameshikilia kwamba mwigizaji akikaa pembeni maisha yake yote ujue hana nyota, angekuwa nayo angeshakuwa steringi zamani, kamera huwa haimnyimi mtu haki yake. Mi nikampinga nikamtajia Earl Cameron, akaniuliza ndo nani huyo. Mtu kaonekana kwenye muvi kuanzia 1951 mpaka 2010 na shabiki wa muvi anauliza ndo nani, sasa hapo tayari nusu ya hoja yangu imeshajibiwa.

Kwa wasiomjua. Kazaliwa Pembroke kule Bermuda mwaka 1917, kafika London 1939 akiwa baharia, kaosha vyombo hotelini kama wengi walivyoanza. 1941 igizo la Chu Chin Chow pale Palace Theatre likapungukiwa watu wa kundi la waimbaji, wakamchomeka, ndo akaanzia hapo. Baadaye akajifunza kutumia sauti kwa Amanda Ira Aldridge, binti wa Ira Aldridge yule Mmarekani mweusi aliyewahi kucheza Othello huko Uingereza karne ya 19. 1951 dairekta Basil Dearden akampa Pool of London, anacheza Johnny, baharia wa Jamaika aliyeshuka melini wikiendi moja akakutana na binti wa kizungu. Wanatembea London wanaongea, wanapendana ila hata busu hakuna, na kwa Uingereza ya wakati ule hata hilo tembezi lilikuwa jambo kubwa. Jamaa alikuwa anabeba picha ile bega moja na wale wazungu. Kwa mtu mwingine yeyote baada ya hapo simu ingelia na kazi ya usteringi ingefuata. Haikufuata. Si mwaka uliofuata, si kumi baadaye, haikufuata kabisa.

Angalieni Sapphire ya 1959. Msichana mwanafunzi kauawa, polisi wanajua ni mzungu, wanamsubiri kaka yake. Anaingia Cameron, daktari, kavaa vizuri, mweusi tii. Yule superintendenti anabaki kumtolea macho, na Cameron hafanyi lolote, anasimama tu anawapa muda wamalize kushangaa, maana ni mtu aliyeshaangaliwa hivyo kila mlango alioingia. Hakuna maneno pale na umeshaelewa maisha yake yote na ya dada yake. Ile picha ikachukua tuzo ya BAFTA ya filamu bora ya Uingereza ya mwaka. Wapelelezi ndo walikuwa masteringi, yeye alikuwa kaka wa marehemu.

Msimamo wangu alibaniwa, tena mchana kweupe. Mnasemaje?

Chuma cha Pua

Mkuu umeandika vizuri ila umeruka shimo kubwa katikati ya barabara. 1951 umeitaja, 1959 umeitaja, hapo kati vipi? Mbona hutaji Simba ya 1955 na Safari ya 1956? Zote mbili za Mau Mau, zote mbili za Waingereza wakijisafisha, na huyo gwiji wako yumo zote. Mtu hawezi kuwa amebaniwa na wakati huohuo yuko kwenye propaganda ya aliyembania. Huyo alitumika, na kutumika kwenyewe alilipwa.

Dogo wa Mbezi

Nimekaa pale na karanga zangu 😂

Mpenda Senema

Sijaruka mkuu, nilijua utakuja. Simba anacheza Dokta Karanja, msomi, mtulivu, ndo mtu mwenye utu kuliko wote kwenye ile muvi nzima akiwemo steringi Dirk Bogarde. Mtazamaji wa Kiingereza wa 1955 hakuwa ameshamuona Mwafrika daktari kwenye skrini akiwafundisha wazungu adabu. Hiyo haihesabiki?

Wa Murang'a

Wacha mimi niingilie maana hii story inatuhusu sisi moja kwa moja. Guka (babu) wangu aliwekwa kizuizini wakati wa Emergency, ile hali ya hatari ya vita ya Mau Mau, kwa hivyo hizi picha siziangalii kama burudani.

Kwanza mjue ile picha ilitoka lini. January 1955, Emergency ilitangazwa October 1952 na ikaisha 1960, yaani wameitoa vita ikiwa imechacha, watu wakiwa kwa kambi. Ukiitazama utafikiria walowezi walikuwa wanamalizwa kijiji kwa kijiji. Walowezi raia waliouawa miaka yote hiyo ni 32. Waafrika walionyongwa kwa amri ya korti ni zaidi ya elfu moja, hesabu inayotajwa ni 1,090, hapo bado hujahesabu waliokufa msituni na kwa kambi. Hiyo hakuna picha ya Pinewood, studio yao Uingereza, ilionyesha. Na huyo Bogarde wao hata Kenya hakukanyaga, walituma watu wapige mandhari na mtu wa kumfanana kwa mbali halafu yeye akamalizia kila kitu kwa studio Uingereza. Sasa mtu kama huyo ndiye anatuelezea sisi shida yetu ni nini.

Halafu huyo Dokta Karanja, bana. Tatizo langu si kwamba ni mbaya, tatizo ni kwamba ni mzuri sana. Yeye ndiye Mwafrika pekee wameruhusu awe na akili, na wakampa kazi ya kumpinga baba yake mzazi ambaye ndiye kiongozi wa Mau Mau. Ujumbe ni wazi kabisa: ukisoma, utakuwa upande wetu, ukibaki kwa baba yako wewe ni panga tu. Na mwisho wanamuua vilevile. Cameron akiicheza vibaya hiyo picha ingekuwa kichekesho na tungekuwa tumeisahau. Kwa vile aliicheza vizuri, uongo ukapata uso wa kuaminika. Hapo ndiyo naumia. Kipaji chake ndicho kilifanya sumu ikae tamu.

2013 serikali yao imekubali kulipa wazee 5,228 pauni milioni 19.9 kwa mateso ya zile kambi. Miaka 58 baada ya ile picha.

Bint Tanga

Wa Murang'a pole kwa babu, umeongea kitu kizito. Ila naomba niulize, mnaomlaumu Cameron mlitaka afanye nini hasa? Mwaka 1955, mweusi, mtoto wa Bermuda ambayo yenyewe ilikuwa koloni, yuko London, kazi zenyewe zinakuja moja moja. Akatae Karanja, kesho anakula nini? Nyie hapa kuna watu wanafanya kazi kwenye makampuni wanayoyatukana humu kila jioni na mwisho wa mwezi mshahara wanapokea.

Chuma cha Pua

Dada njaa si hoja. Paul Robeson, mwimbaji na mwigizaji wa Marekani, alikuwa mweusi vilevile, kacheza Sanders of the River 1935, picha ya kuwasifu wakoloni Nigeria, akaiona ilivyotoka akaikana hadharani. Kwa hiyo kukataa kuliwezekana.

Mbeba Boksi

Umeitaja mwenyewe Sanders of the River mkuu, sasa nikuulize, unajua nani mwingine yumo humo ndani kama ekstra, kavaa ngozi anacheza chifu mdogo? Jomo Kenyatta. Huyohuyo. Alikuwa mwanafunzi London hana hela, studio zilikuwa zinatafuta Waafrika wa kujaza sini, akaenda akapata posho yake. Wa Murang'a uniambie na Mzee naye alitumika au tumsamehe kwa sababu baadaye alikuwa rais.

Na Robeson usimfananishe. Robeson alikuwa na sauti inayojaza kumbi dunia nzima, akikana muvi moja kesho yake ana konsati. Cameron hakuwa na mlango wa pili.

Wa Murang'a

Hehe Mbeba Boksi hiyo ya Mzee naijua, umenipata kidogo. Lakini si sawa. Ekstra anasimama nyuma na watu mia, hakuna mtu London alitoka senema akisema "yule chifu wa nyuma kulia amenishawishi". Karanja ameandikwa jina, ana hoja, ana machozi. Na 1934 vita ya kwetu ilikuwa haijaanza.

Dogo wa Mbezi

Kwa hiyo steringi wa Kenya alianza kama ekstra Uingereza, hii nchi zetu ni muvi kweli 😂😂

Mbeba Boksi

Tuache utani dogo. Niongeze kitu kwenye hoja ya mleta mada, maana mimi nipo huku Coventry na Cameron kafia hapo jirani tu Kenilworth, Julai 2020, akiwa na miaka 102.

Hoja ya kubaniwa ni hii. Mwenyewe alieleza uzeeni kwamba kama skripti haijaandika "mweusi", mweusi haitwi hata kujaribiwa, na hakuna aliyekuwa anawaza kugeuza nafasi ya mzungu ampe mtu mweusi. Sasa piga hesabu mwenyewe, skripti ngapi za Kiingereza miaka ya 50 ziliandikwa na mtu mweusi ndani yake mwenye zaidi ya sini tatu? Hiyo ndo dari yake, ilikuwa kwenye makaratasi kabla hata hajafungua mdomo. Filamu ndefu ya kwanza ya dairekta mweusi Uingereza ni Pressure ya Horace Ové, katikati ya miaka ya 70. Wakati huo Cameron yuko karibu na sitini.

Na kitu kinachoniudhi kuliko vyote ni To Sir, with Love. 1967, mwishowe Uingereza inatengenezwa muvi ambayo steringi lazima awe mweusi, mwalimu kutoka Guiana anafundisha watoto watukutu East End ya London. Wanaume weusi waliokuwa wanaigiza London miaka 15, 20, walikuwepo. Wakavuka Atlantiki wakamleta Sidney Poitier.

Chuma cha Pua

Poitier ana Oscar ya 1964 bro, ni nyota wa dunia, hela inafuata jina. Hiyo ni biashara, si kubaniwa. Na 1967 Cameron ana miaka 50, yule mwalimu ni kijana.

Mpenda Senema

Mkuu unazunguka unarudi palepale. Jina lake Poitier kalipata wapi? Kalipata kwa sababu kule Marekani pamoja na ubaguzi wao wote kuna watu walimpa picha akaanguka, wakampa nyingine, wakampa nyingine, mpaka akawa jina. Cameron hakupewa nafasi ya kuwa jina, halafu baadaye anaambiwa hana jina. Sawa, tukubali 1967 umri ulishapita. Ndo maana nasema ulipitishwa. 1952 alikuwa na miaka 35 na ametoka kufanya vizuri Pool of London, walikuwa wapi?

Halafu kwa kuwa umemleta Poitier, naye kacheza Mau Mau. Something of Value, 1957, na Rock Hudson, tena wao walienda Kenya kabisa kupiga. Poitier anacheza Kimani, kijana aliyekua na mtoto wa mlowezi halafu anaingia msituni. Mbona Poitier humwiti kibaraka? Kwa sababu baadaye alipewa nafasi nyingine kubwa za kufunika ile. Cameron hakupewa za kufunika, kwa hiyo mnamhukumu kwa zilizopo.

Bint Tanga

Hapo umemaliza mkuu.

Mimi namjua Cameron kwa upande mwingine kabisa. Watu wa pwani wengi mmemuona hamjui. The Message ya Moustapha Akkad, 1976, ile ya Kiingereza yenye Anthony Quinn, maana walipiga mbili sambamba, ya Kiarabu na ya Kiingereza, waigizaji tofauti. Najashi mfalme wa Habasha ni yeye! Kwetu kanda ile ya video ilizungushwa mpaka ikawa na mistari, Ramadhani lazima. Ile sini Maqureish wamekuja kudai wakimbizi warudishwe Makka, Jaafar anasomewa mashtaka pale mbele ya mfalme, naye anajibu mpaka anafika kwenye habari ya Maryam na Isa. Muangalieni Najashi usoni wakati anasikiliza. Hakurupuki. Anashuka kwenye kiti, anachukua fimbo yake anachora mstari chini, anasema tofauti yetu na yenu si nene kuliko huu mstari. Bibi yangu kila mara hapo alikuwa analia, kila mara, na alikuwa haelewi hata neno la Kiingereza.

Sini ile haifiki hata robo saa ukijumlisha zote. Ndo nauliza, hiyo pembeni mnayoisema ni pembeni ya nini? Quinn ndo steringi na nampenda, lakini nyumbani kwetu mtu akiigiza The Message watoto walikuwa wanagombea kuwa Najashi. (Na mwenyewe hata Mwislamu hakuwa, alikuwa wa dini ya Kibahai tangu 1963, kaigiza mfalme Mkristo anayewahifadhi Waislamu. Mungu ana mambo yake.)

Mzee Mstaafu

Vijana hamjambo. Nimesoma yote. Bint Tanga kaniwahi, mimi pia nilimjua kwa Najashi, na kabla ya hapo nilimuona kwenye Thunderball ya James Bond, ile ya 1965, anaitwa Pinder, mtu wa Bond kule Nassau. Enzi hizo tunaingia senema kwa tiketi, si kama nyinyi mnaangalia kwenye simu. Mnisamehe mimi sikumbuki alisema nini, nakumbuka tulifurahi kuona mweusi yuko upande wa Bond, hachekeshi na hatumwi kubeba mizigo.

Naona mjadala mnauweka sehemu mbili tu, shujaa au kibaraka. Fundi seremala akitengeneza jeneza halafu akatengeneza kitanda cha harusi, mtamwita nani?

Chuma cha Pua

Shikamoo mzee. Lakini fundi haweki uso wake kwenye jeneza.

Dogo wa Mbezi

Uuuuwi 🔥 mzee kapigwa

Mbeba Boksi

Dogo heshima.

Chuma, nikupe ushahidi kwamba dari iliwekwa makusudi, haikuwa kwamba watazamaji hawako tayari. 1966 BBC kwenye tamthilia ya Doctor Who, hadithi ya The Tenth Planet, Cameron anacheza mwanaanga. Hakuna anayesema kitu kuhusu rangi yake, yuko kwenye chombo anaongea na kituo kama mwanaanga yeyote. Miaka mitatu kabla mtu hajafika mwezini. Watu wakaangalia wakaenda kulala, Uingereza haikuanguka. Kwa hiyo iliwezekana, walikuwa hawataki tu. Na bado ugonjwa haujaisha, mwigizaji Idris Elba huyuhuyu ilibidi aende Baltimore kwenye tamthilia ya The Wire ndo kwao wakamuona, akarudi 2016 akaenda kuwaambia wabunge wa Uingereza kwamba Marekani ndo ilimpa nafasi.

Mpenda Senema

Na angalieni alivyomaliza. 1979 akaondoka kabisa, akahamia visiwa vya Solomon na familia kwa ajili ya dini yake, miaka kama 15. Nani anaondoka kwenye kazi anayoipenda kama kazi inamtaka? Amerudi mzee, wakaanza kumpa nafasi za wazee. The Interpreter ya 2005 anacheza rais dikteta Zuwanie, mzee anayekuja kuhutubia Umoja wa Mataifa, na wale wanaongea lugha ya kubuni inayoitwa Ku, walioitunga waliichota kwenye Kishona na Kiswahili chetu, sikilizeni mtacheka. 2006 kwenye The Queen yeye ndo mchoraji anayemchora malkia asubuhi ya uchaguzi, sini ya mwanzo kabisa. 2009 akapewa nishani ya CBE ya Uingereza. Bermuda wameupa ukumbi wa maonyesho wa City Hall jina lake, Earl Cameron Theatre. Heshima zote zimekuja akiwa na miaka tisini, kazi zilikuwa zinahitajika akiwa na arobaini.

Dogo wa Mbezi

Ngoja ngoja. Nimegugo. Huyu ndo yule mzee wa Inception?? Kule chini Mombasa ambako watu wamelala wanaota pamoja, mzee anasema hawa hawaji kulala wanakuja kuamshwa, ndoto ndo maisha yao?? MZEE YULE?

Wa Murang'a

Ndiye huyo. Na Mombasa yenyewe walipiga mitaa ya Tangier, Moroko. 1955 Kenya yao iko Pinewood, 2010 Mombasa yao iko Tangier. Miaka 55 jamaa anaigiza Kenya na bado wenye picha hawajapata nauli ya kuja hahaha.

Haya Mpenda Senema, nimekuacha uongee sana. Simba umeitetea na Karanja wako mwenye utu, nimekusikia. Lakini Chuma alitaja mbili tangu mwanzo na moja umeikwepa thread nzima. Safari, 1956. Hapo hachezi daktari. Anacheza Jeroge, boi wa nyumbani anayemuua mtoto wa bwana wake, na picha yote iliyobaki steringi Victor Mature anamwinda porini kama mnyama. Jibu hiyo.

Mpenda Senema

Sijaikwepa, nilikuwa naiogopa.

Safari siitetei. Hakuna utu niliouona kwa Jeroge na sidhani skripti iliacha hata upenyo wa kuuweka. Nilichokiona ni mtu anayefanya kazi. Dairekta ni Terence Young, huyohuyo aliyekuja kumpa Pinder kwenye Thunderball miaka tisa baadaye, kwa hiyo kama unataka kujua ile kazi ilimlipa nini, labda ndo hiyo. Ukiniambia angeikataa nitakuelewa. Ukiniambia kwa hiyo Sapphire haina maana, au kwamba hakubaniwa, hapo hatuelewani.

Wa Murang'a

Sawa, hiyo nimeipokea. Ya kubaniwa nakubali. Guka bado siwezi kumwekea Simba aione.

Chuma cha Pua

Mi nimebaki palepale. Sapphire inapatikana wapi lakini?